Golikipa Aliyechukia Baridi

Golikipa alichukia baridi kuliko mzee yeyote niliyewahi kumhudumia. Mwezi wa Januari, ambao huku Australia ni kiangazi, lami ya Liverpool, kitongoji chetu cha Sydney, ikinata kwenye soli za viatu na sisi wafanyakazi tukigombania kivuli pale wanapoegesha magari, yeye alikaa dirishani amevaa sweta la sufu, soksi juu ya soksi, na shali ya marehemu mkewe magotini. Ukiwasha kiyoyozi alikitazama kama mgeni aliyeingia bila kupiga hodi.

"Zima," alikuwa anasema. "Baridi yangu nimeshaimaliza yote."

Na huyu ni mtu ambaye mkate wake ulitoka kwenye barafu. Ujanani alicheza hoki ya barafu kwa mshahara huko Kanada, zamani hizo timu zilipokuwa chache na wachezaji wakisafiri kwa treni. Baadaye akaja Sydney kufundisha mchezo ule ule kwenye ukumbi wenye barafu ya mashine, katika mji ambao wengi wa wakazi wake walikuwa hawajawahi kuona hata dimbwi likiganda. Nilimuuliza siku moja kwa nini hakutafuta kazi nyingine alipofika nchi ya jua.

"Nilijaribu kiwanda cha matofali, kule Fairfield," akasema. "Hakuna aliyekuwa ananirushia kitu. Nikachoka."

Jina lake sitalitaja. Hata alipokuwa hai hatukulitaja. Sisi tunaozungumza Kiswahili pale kwenye nyumba ya wazee tuna desturi ya kuwapa wakazi majina ya kwetu, ili tukiongea koridoni siri ya mtu isitembee. Tulikuwa na Mwalimu, tulikuwa na Bibi Maua, na chumba cha mwisho, karibu na mlango wa bustani, alikaa Golikipa. Jina hilo alimpa Sista Njoki, muuguzi wetu Mkenya, siku alipoona picha moja ukutani: kijana amepiga goti mbele ya goli dogo, miguu imefungwa magodoro, gongo pana mkononi, na usoni hana kitu chochote.

Hapo ndipo ilipoanzia habari ya uso wake. Ulikuwa uso ulioshonwa na kushonwa tena kama gunia la mkaa. Kovu moja lilitoka kwenye pembe ya mdomo likapotelea sikioni. Jingine liligawa nyusi ya kushoto, na chini yake jicho lenyewe lilikuwa jeupe, limekufa. Pua ilielekea upande ilipotaka. Kwa asiyejua mchezo ule, kinachopigwa si mpira. Ni kisahani cheusi cha mpira mgumu, bapa kama kopo la dawa ya viatu, na kikiwa kimeganda kinaruka kama jiwe la manati. Siku hizi golikipa anavaa chuma usoni. Enzi zake aliyevaa kitu usoni aliitwa mwoga.

Wageni walipenda kumsikia akisimulia jinsi alivyopasuliwa shavu katikati ya mechi. Timu ilikuwa na golikipa mmoja tu, kwa hiyo watu wote ukumbini walisubiri. Daktari alimshona chumbani, sigara ikiwa mdomoni, bila ganzi, na yeye akarudi barafuni na nyuzi zikiwa bado mbichi. Wageni walicheka, naye alicheka nao, akigonga goti kwa mkono wake uliopinda. Wakishaondoka uso ulikuwa unashuka.

"Sikuwaambia kwamba nilikuwa natapika," aliniambia mara moja. "Kabla ya kila mechi. Wenzangu waliniwekea ndoo yangu, wakageuka upande wa pili. Walikuwa na adabu, wale."

Mimi na yeye tulizungumza Kifaransa. Yeye alizaliwa nacho, maana alitoka upande ule wa Kanada wanakozungumza Kifaransa, mji wa machimbo ya shaba. Mimi nilikipata kwa baba yangu, aliyekuwa mwalimu Burundi, naye akaendelea kutufundisha hata tulipokuwa kambini Kigoma, ubao ukiwa ni mlango wa nyumba. Siku ya kwanza nilipomsalimia kwa lugha hiyo nikimvalisha viatu, mguu wake ulibaki hewani.

"Umejifunza wapi?"

"Kwa baba."

"Unasema kama padri."

Tangu hapo akaniita kijana wangu, ingawa nilikuwa na mvi tayari, na mimi nikamwita Mzee. Alipoambiwa maana ya neno hilo alilikubali mara moja. Alisema ni cheo cha kwanza maishani alichopewa bila kupigwa.

Wanafunzi wake wa zamani walikuwa wanakuja kumwona, wanaume wenye vipara na matumbo, mmoja dereva wa lori, mwingine daktari wa meno. Walimwogopa bado. Dereva wa lori alinieleza koridoni jinsi Golikipa alivyokuwa anawapigisha magoti barafuni na kuwarushia mipira ya tenisi mpaka wakalia, na aliyefumba macho alianza upya. Mtu huyo huyo, kwa pumzi hiyo hiyo, akaniambia kwamba alipovunjika mguu akiwa mtoto, Golikipa alikwenda hospitali kila jioni kumsomea magazeti, kwa Kiingereza kibovu, akiruka kila neno gumu.

Alikuwa na msemo mmoja aliowaachia wote, nao walikuwa wanaurudia kwa sauti yake nzito: golikipa hashindi mechi, anachelewesha tu kushindwa. Sikuupenda msemo huo. Nilimwambia. Akasema hakuutunga ili upendwe.

Lakini binti yake hakumfundisha. Alikuwa na mtoto huyo mmoja tu, sasa mwanamke mtu mzima anayekaa upande wa Merrylands, mwenye mwendo wa baba yake wa kuinamisha bega moja. "Alifundisha watoto wa kila mtu isipokuwa mimi," aliniambia. "Nilikuwa nakaa kwenye benchi nikiwatazama. Nilidhani ni kwa sababu mimi ni msichana." Hakuwahi kumuuliza. Mimi nilimuuliza.

Alikuwa anachanganya karata. Alikuwa mwizi mkubwa wa karata, na jicho moja halikumzuia.

"Siku moja alinijia amevaa viatu vya barafu vya kuazima," akasema. "Ana miaka sita, saba. Ananichekea. Nikautazama uso wake. Hauna hata mkwaruzo." Akagawa karata. "Nikamwambia avue."

"Ulimwambia sababu?"

"Cheza, kijana wangu. Zamu yako."

Jambo jingine lililowashangaza watu ni kwamba hoki yenyewe hakuitaka. Msichana aliyewaandalia wazee michezo pale kwenye nyumba, mwenye moyo mzuri, alimtafutia mechi kwenye televisheni, mechi ya timu ile ile aliyoichezea, akawaita na wenzake wakae naye. Golikipa alikizungusha kiti chake cha magurudumu akatazama ukuta mpaka mwisho. Waliandika kwenye faili lake kwamba kumbukumbu inaanza kumpotea. Kumbukumbu ilikuwa salama kabisa wakati huo.

Sababu alinipa kidogo kidogo, kwa miaka, mara nyingi nikiwa ninamnyoa. Kunyoa uso ule ilikuwa kazi ya polepole, na yeye akiwa na sabuni usoni alikuwa anasema mambo ambayo mdomo mkavu haukuyasema.

Zamani hizo mchezaji akishatia sahihi, alikuwa mali ya timu. Waliweza kumpeleka popote, kumrudisha, kumtupa, naye hakuwa na pa kulalamikia. Wachezaji wachache wakaanza kunong'ona juu ya kuunda chama chao. Golikipa, ambaye ndiyo kwanza alikuwa amepata nafasi kwenye timu kubwa, alikubali kuzungumza na wenzake mmoja mmoja. Wa kwanza kuambiwa alikuwa rafiki yake, aliyecheza beki mbele yake. Sisi tutamwita Beki.

"Kila mechi nilikuwa natazama mgongo wake," aliniambia. "Kazi yake ilikuwa kusimama kati yangu na kile kisahani. Mgongo wake niliujua kuliko uso."

Walizungumza ndani ya treni, wawili peke yao. Golikipa alimweleza nani yuko tayari, nani anasita, watakutana wapi. Baada ya siku chache meneja akamwita ofisini. Hakufoka. Alimkaribisha kiti, akamwambia amesikia kwamba hana raha hapa, kisha akayarudia maneno ya mle kwenye treni, neno kwa neno, hata mzaha mmoja ambao Golikipa alikuwa ameutoa.

"Kama si huo mzaha," alisema, "ningeweza kujidanganya kwamba ni mtu mwingine."

Walimshusha ligi ya chini, mji wa wakulima wa ngano, kwenye ukumbi uliovuja upepo. Hawakumrudisha tena. Huko, nyuma ya beki asiyemjua, kisahani kilimkuta kwenye jicho la kushoto. Akalificha jicho lile kwa muda, akacheza akigeuza kichwa kama kuku, mpaka mabao yakawa mengi na wakamwonyesha mlango. Beki alibaki. Alibeba vikombe. Picha yake ilitoka magazetini, na mpaka leo kuna watu wazima huko Kanada waliopewa jina lake na baba zao.

"Ungekuwa mkubwa kama yeye?" nilimuuliza.

"Mimi? Labda ningekuwa golikipa wa kawaida tu." Nilikuwa nimefika shingoni na wembe, akanyamaza mpaka nikapita. "Wa kawaida, mwenye macho mawili."

Kisha akaniuliza kama na mimi nina wangu.

Nilijua anachouliza. Kanisani kwetu Fairfield kuna mtu kutoka upande wa kwetu Burundi. Ndiye aliyewaonyesha wenye bunduki njia ya kwenda nyumbani kwetu. Analeta watoto wake ibadani, anaimba sauti ya nne, na tukipeana amani mkono wake na wangu hukutana, halafu kila mmoja anageukia mwingine. Mke wangu anasema ni lazima siku moja tuzungumze. Mimi husema ndiyo, kisha mwaka unaisha.

"Ninaye, Mzee," nikamjibu.

"Yuko mbali?"

"Viti viwili nyuma yangu."

Akacheka mpaka sabuni ikaingia mdomoni. Hakikuwa kicheko kizuri.

Halafu korona ikaja. Mwaka wa kwanza tuliambiwa tuna bahati. Milango ilifungwa, ikafunguliwa, ikafungwa. Mwaka wa pili, majira ya baridi, bahati iliisha, na ikaishia upande wetu wa mji. Fairfield tuliamka na helikopta juu ya mapaa. Askari jeshi walibisha hodi kuuliza kama watu wako ndani. Nilikwenda kazini na kibali kwenye simu, na kwenye stesheni polisi alikisoma, akanitazama, akakisoma tena, wakati treni yangu inaondoka. Nilipimwa pua mpaka ikawa inatoa damu. Nyumbani mwanangu wa kike nilimwambia, "Usinikaribie mpaka nioge," naye akanijibu kwa Kiingereza, nyuma ya mlango, kwamba ananichukia mimi na kazi yangu.

Golikipa alivaa barakoa kabla hatujamwomba. Wakazi wengine walizivuta chini ya kidevu, wakazisahau kwenye chai. Yeye aliikaza kamba, na Mwalimu alipoivua yake mezani alimwelekezea uso wake ulioshonwa.

"Vaa," akamwambia. "Mimi nilikaa bila. Ona."

Wageni walikatazwa kuingia. Binti yake alikuja akasimama nje ya dirisha, kwenye kitanda cha maua, na simu sikioni, na mimi nikamshikia baba yake simu ndani. Walikuwa hawajawahi kuwa na mengi ya kusema, na kioo hakikusaidia. Binti alimuuliza baba amekula nini. Alijibu. Baba naye alimuuliza kama mvua inamnyea. Mvua ilikuwa inamnyea.

Ndipo kumbukumbu ilipoanza kuondoka kweli. Kilichotangulia ni Kiingereza. Aliishi nacho zaidi ya miaka sitini, akaoa kwa hicho, akafokea watoto kwa hicho, nacho kikamtoka ndani ya miezi michache, akabaki na lugha ya mamaye peke yake. Binti yake hakuwa na Kifaransa. Hakufundishwa hicho pia. Nikawa ninasimama katikati yao na simu, nikimbeba huyu kwa yule, na maneno yangu ya padri.

Siku moja binti akaniambia kuna watu wa Kanada wamemtafuta. Mjukuu wa Beki. Babu yake yuko hai, naye yuko kwenye nyumba ya wazee, naye amefungiwa, na kila siku anamtaja Golikipa. Anaomba wazungumze mara moja kwa video. Binti alifurahi. Hakujua habari ya treni. Alijua tu kwamba baba yake aliwahi kucheza na mtu maarufu.

"Niambie, Deo, itamfaa?" akaniuliza.

Ilikuwa siri ya mzee, sikuwa na ruhusa ya kuitoa. Nilisema, "Tumuulize mwenyewe." Nilimuuliza. Golikipa alifikiri asubuhi nzima, kisha akataka shati lenye kola.

Uso uliotokea kwenye kioo cha simu ulikuwa wa mzee mwenye mrija wa hewa puani. Hakuwa na kovu hata moja. Nadhani sote wawili tuliliona hilo kwa wakati mmoja. Yule mzee alisogea mpaka tukawa tunaona paji tu, akasema kwa Kifaransa, "Ni mimi." Akasubiri. "Ni mimi. Nilitaka kukuambia." Na hapo akaanza kulia, bila sauti, kama watu wazee sana wanavyolia.

Golikipa aligeuza kichwa apate kumwona vizuri kwa jicho zima. Alimtazama kwa muda mrefu.

"Simjui mtu huyu," akaniambia. "Zima."

Mjukuu kule aliomba radhi. Binti kule dirishani aliomba radhi. Wote walidhani ni ugonjwa. Nikazima.

"Mzee," nikasema tulipobaki wawili, "kweli humjui?"

"Ninamjua kuliko nilivyomjua mke wangu."

"Basi kwa nini?"

"Amechoka, amekuja kupumzika kwangu." Alikuwa anafungua kola, vidole havimtii. "Akapumzike kwingine."

Nilimfungulia kola. Nilikuwa nimekasirika, na sikujua nimemkasirikia nani. Jumapili ile, ibada ikiwa kwenye simu kwa sababu kanisa limefungwa, nilimwona mtu wangu kwenye kijumba chake kidogo cha picha, akiimba, sauti imezimwa. Nikaifunika simu.

Beki alikufa si muda mrefu baadaye, kwa korona, huko huko alikofungiwa. Binti alituletea habari dirishani, nami nikamfikishia baba yake. Akauliza chakula cha mchana ni nini. Nikamwambia ni samaki. Samaki akaja, hakumgusa, na hakugusa chakula cha jioni. Tangu siku hiyo alikuwa anaamka na kukaa ukingoni mwa kitanda, miguu imepanuliwa, mikono wazi mbele, kama kwenye picha ile ukutani. Alikuwa anafuata kwa jicho kitu ambacho sisi hatukukiona, kikienda kushoto, kikirudi kulia.

"Huyu ana-suffer, Kaka Deo," Sista Njoki aliniambia koridoni. "Si mwili. Mwili tungempa dawa."

"Najua, Sista."

"Wewe ndiye mnaelewana naye. Mwambie kitu basi."



Ugonjwa uliingia upande wetu mwezi wa Agosti. Hatukujua umeletwa na nani, na hilo lilitufanya tutazamane vibaya chumba cha chai. Walitundika koridoni pazia la plastiki lenye zipu katikati. Bibi Maua alikuwa wa kwanza kwenda, akafuata Mwalimu, ambaye dada yake alikuwa anapiga simu kila saa na hakuna aliyekuwa na mkono wa kuipokea. Golikipa alishikwa mwishoni mwa wiki ile. Alikufa nikiwa nyumbani nimejifungia chumbani, maana na mimi nilikuwa nimeupata. Sista Njoki alikuwa naye, amemshikia simu, binti akiwa upande wa pili wa kioo. Mazishi niliyaona kwenye simu, watu kumi wamekaa mbalimbali kama wamegombana. Dereva wa lori hakuruhusiwa kuingia. Baadaye nilisikia alisimama nje ya uzio, amevaa fulana yake ya zamani ya hoki, haimtoshi.

Lakini nilimwona mara moja kabla ya hapo, siku ya mwisho niliyofanya kazi, na hiyo ndiyo siku ninayoirudia.

Ilikuwa alasiri, jua la baridi limelala juu ya shuka. Niliingia nimevaa gauni la plastiki, glovu, barakoa, na kinga ya uso iliyojaa mvuke. Macho yangu tu ndiyo yaliyoonekana, na hayo pia kwa shida. Golikipa alikuwa amelazwa kwa ubavu, homa imempanda, pumzi fupi fupi. Aligeuza kichwa polepole mpaka jicho zima likanipata.

"Ni wewe," akasema.

Kisha akaniita kwa jina. Halikuwa langu. Lilikuwa jina la Beki.

Sista Njoki alikuwa mlangoni na mashine ya kupima hewa ya damu. "Anasemaje?"

"Ananiita yule wa kwenye video."

"Yule aliyemkataa?"

"Huyo huyo."

"Usimrekebishe. Utamtisha bure." Kengele ililia chumba kingine, akaenda, nikasikia zipu ikifunguka na kufungwa.

Nilimpa maji kwa mrija. Alikunywa kidogo, kisha akanishika kifundo cha mkono. Vidole vile vilikuwa vimevunjwa mara nyingi, havikunyooka hata kimoja, lakini nguvu bado zilikuwepo.

"Kwa nini?" akasema.

Ningeweza kumwambia mimi ni Deo. Ningeweza kumwambia apumzike. Habari za Beki sikuzijua, nilichokuwa nacho ni ule uso uliolia. Nikamfikiria mtu wangu wa kanisani, kwamba siku ile aliyonyoosha kidole kuelekea nyumba yetu naye alikuwa na nyumba, na waliokuwemo ndani. Sikuwahi kulifikiria jambo hilo kabla ya hapo. Sikulitaka.

"Niliogopa," nikamwambia. "Nilikuwa na mtoto."

Pumzi yake ilikwenda, ikarudi. Nilidhani amelala.

"Wa kike au wa kiume?"

"Wa kike."

"Hukuniambia."

"Sikukuambia."

Aliuachia mkono wangu. Akaanza kusogea, bega kwanza, kisha nyonga, akikokota mwili wake kuelekea ukutani, na kila nilipotaka kumsaidia aliniondoa mkono. Ilimchukua muda. Alipofika ukutani alikuwa anahema kama aliyepanda ngazi, na upande wangu wa kitanda palikuwa pamebaki nafasi ya mtu mmoja. Akaipigapiga kwa kiganja.

"Kaa," akasema. "Treni ikipinda utaanguka."

Tulikuwa tumekatazwa kukaa kwenye kitanda cha mgonjwa. Nikakaa.